Kufunika Nyuso

Saa nne asubuhi mhariri alikuwa ameshafunika nyuso arobaini. Siku zote kazi yake ni video za harusi: kumfuta bwana harusi jasho, kumwondoa mjomba aliyelewa. Sasa kwenye kompyuta ileile kulikuwa na filamu ya maandamano ya bei ya unga, na kila uso aliufunika kwa ukungu. Filamu ya kwanza ilitoka nyuso zikiwa wazi, polisi wakaitazama taratibu, wakawafuata watu kumi na mmoja majumbani mwao.

Mlango uligongwa. Alizima skrini kabla ya kufungua. Kumbe ni mama mtu mzima, peke yake, anahema kwa kupanda ngazi.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Nimeambiwa mwanangu yumo kwenye hiyo filamu ya maandamano. Yule aliyepigwa risasi pale kituo cha mafuta. Wewe unafuta watu sura, wangu usimfute. Polisi wametangaza hakuna aliyekufa. Nataka aonekane."

Mhariri alimtafuta, akampata. Kijana kainua bango, anacheka, na msichana kamshika kiuno, shavu kwa shavu.

"Huyo dada yake," mama alisema polepole. "Siku ile aliniambia yuko kazini."

"Kazi gani?"

"Mwalimu. Shule ya serikali."

Mhariri alishusha pumzi. "Mama, dada nitamfunika. Ila kaka akibaki wazi wataulizana, huyu aliyemkumbatia ni nani? Watampata bila shida."

Mama alivuta kiti. Aliomba irudishwe nyuma, ikarudishwa. Akaomba tena, na tena. Mhariri alishikwa na hasira. Wamemuua mtoto wa watu, wamekana, halafu yeye ndiye anaachiwa kummalizia.

"Huyu bado ninaye," mama alisema, kidole kwenye shavu la binti. "Wafunike wote."

"Pole sana, mama. Kama utapenda, toka nje kidogo, nikimaliza nitakuita."

"Nitoke niende wapi? Maiti yake hawakunipa. Sikumwosha, sikumfunika. Nionyeshe unavyofanya."

Mhariri aliuchukua mkono wake, akauweka juu ya kipanya, akamwelekeza. Mshale ulisogea kwenye skrini, ukapita bango, ukatua usoni. Mama alibonyeza. Kicheko kikapotea.

"Sasa dada yake," mhariri alisema kwa sauti ya chini.

"Ngoja kwanza, mwanangu. Ngoja nipumzike."