Prufu za Marehemu

Jumatano saa nne asubuhi Bi Prufu alikuwa akifunga bahasha pale mwandishi wake alipoingia, akavuta kiti na kuuliza kama kalamu nyekundu bado inaandika. Ilikuwa miezi minane tangu achukuliwe. Serikali ilisema yuko safarini, nchi za nje. Mkewe alipouliza nchi gani, aliambiwa arudi Jumatatu.

"Umekonda," Bi Prufu alisema.

"Nimekufa, dada. Lete prufu."

Akaletewa. Miaka thelathini sasa, katika vyumba viwili juu ya duka la fundi cherehani, Bi Prufu alikuwa akichapisha riwaya, mashairi na makala za siasa ambazo wachapishaji wakubwa walizishika kwa ncha za vidole. Alikuwa mbishi kupindukia, na sharti lake lilikuwa moja: kitabu hakiendi mtamboni mpaka mwandishi atie saini kila karatasi ya prufu, ile nakala ya kusahihishia makosa. Huyu alikamatwa akiwa njiani kuja kusaini. Kitabu kikalala kabatini, maana sharti ni sharti, hata kwa marehemu.

Alikuja kila Jumatano. Aliacha udongo sakafuni na Bi Prufu akaufagia. Walizozana juu ya mikato kama zamani. Kisha akaongeza sura: akina nani walimchukua, kwa gari gani, na alikozikwa, nyuma ya bohari la serikali, hatua kumi na mbili kutoka tangi la maji. Bi Prufu aliisoma, akalia, halafu akafuta vivumishi viwili.

"Vilikuwa vizuri hivyo," mwandishi alinung'unika.

"Vilikuwa vinajionyesha."

Ikabaki karatasi moja. Wote wawili walijua kwamba akishaisaini hana tena la kumleta. Wiki tatu alihamisha nukta ileile na kuirudisha, na Bi Prufu, aliyempenda kama ndugu wa tumbo moja, akajitia hamnazo. Wiki ya nne Bi Prufu alishindwa kuvumilia.

"Kaka, wifi bado anakuwekea sahani mezani."

Akasaini. Akashuka ngazi bila kuaga, kama ilivyokuwa tabia yake.

Kitabu kilitoka. Msemaji wa serikali alikisifia redioni, akamtakia mwandishi safari njema. Mke wa mwandishi alikishika mkononi, akahesabu hatua kumi na mbili kutoka kwenye tangi, akakuta pamemwagwa zege. Alipolibonyeza, kidole kilizama.

Akaenda moja kwa moja kwa Bi Prufu. "Wamekisoma mpaka mwisho, wifi," alisema.

Bi Prufu alileta beseni la maji, akamwosha mkono polepole. Kisha wakaketi pamoja wakaandika tangazo la msiba, mistari sita, bila kivumishi hata kimoja. Magazeti yote yalilirudisha kwa adabu. Mhusika, yalieleza, yuko safarini.