Ukuta wa Kaka

...na sasa anarudia tena palepale, rangi imeshaanza kushika na kaka anapitisha rola juu yake kana kwamba ndiyo kwanza anapaka, kaka yake huyuhuyu aliyemkataza kurudia, ukishapita umepita, mdogo wangu, ukirudi rola inaivuta ile inayokauka na ukuta unabaki na makovu, alimwambia hivyo siku alipomshikisha brashi mara ya kwanza, baba yao ametoka kuzikwa na nyumba nzima inamtazama kaka, akamfundisha kuchanganya makopo yote kwenye ndoo moja ili rangi iwe moja, kuikamua rola kwenye trei mpaka iache kudondosha, kuanzia kona, kila mpigo uukanyage kidogo wa jirani yake ungali mbichi, kisha kumalizia juu hadi chini kwa mkono mwepesi, usiukandamize, unaupapasa tu... kaka anaongea, anasema kazi ya zahanati wakiipata wataanza na wodi ya wazazi, naye anaitikia ehee bila kujua ameitikia nini, maana jua la dirishani limeupiga ukuta kutoka ubavuni na kufichua yote, michirizi, mapengo membamba ambayo rola haikugusa, hapa umepaka au umefuga pundamilia, ndivyo kaka alivyokuwa akiwatania mafundi wenzake, walicheka mpaka ngazi ikatikisika, leo nani atacheka... na sebule ya yule mwalimu mstaafu waliyoipaka kabla ya hii, kaka alipoondoka yeye alibaki nyuma akisingizia kuosha brashi, akaupaka upya ukuta wa kaka peke yake, kesho yake mwalimu akamsifu kaka na kaka akanyamaza, yeye asiyejua kunyamaza akisifiwa, mdogo wake alidhani kaka amechoka tu... na chai ile, kaka aliyoimimina kando ya kikombe, wifi akaifuta bila neno, kwa hiyo wifi anajua... amwambieje, kaka, macho yako, hapana, kaka, pumzika nimalizie, hapana, mtu aliyekulea unamwekaje kwenye kiti, mikono mitupu, asikilize redio mchana kutwa, bora kunyamaza, kumsitiri, kurudia kuta zake nyuma ya mgongo wake, mpaka lini... mbona kimya, kaka ameacha kuongea, anaugusa ukuta kwa mgongo wa kidole, anakileta kidole karibu kabisa na jicho, kama mtu anayetafuta mwiba.

"Kwa mwalimu uliurudia ukuta wangu," anasema, bila ukali. "Asubuhi ile nilisikia harufu ya rangi mbichi."

Atakana, atasema ulikuwa mkono wa pili wa rangi tu, lakini kaka hamtazami, anautazama ukuta, au anatazama pale anapojua ukuta upo.

"Nilidhani utaniambia," anasema. "Hii mbichi inaishia wapi?"

Kumbe kaka alikuwa akingoja, siku zote hizi, na yeye mdogo wake akiuita ukimya wake heshima, kumbe alikuwa amemwacha peke yake humo gizani, akijipapasia kuta, akisifiwa kwa kazi isiyo yake... aombe radhi, aseme nini, rangi haingoji.

"Begani kwako, kaka. Kushoto kidogo... hapohapo."

Kaka anainua rola. Nyuma ya mdogo wake, ukuta wake mwenyewe aliouacha nusu unaanza kukauka katikati, mstari utaonekana pale alipoishia, anajua utaonekana, na hageuki.