Bwana Tena na Koo la Mjukuu Wangu

Nimelea watoto sita na wajukuu kumi na mmoja. Matapishi nimeyafuta, makamasi nimeyapangusa, wala sikuona kinyaa. Kinyaa nilikiona siku kikundi cha mjukuu wangu kilipopigwa filamu.

Wako sita, wanaimba bila ala hata moja. Besi inatoka kifuani mwa kaka mmoja mnene, ngoma inapigwa kwa midomo, na sauti ya juu kabisa ndiyo ya mjukuu wangu. Wiki mbili kabla ya siku hiyo aliugua koo. Daktari akamwonya: imba kidogo, kunywa maji mengi, ukilazimisha sauti itakwenda isirudi.

Ukumbi ulijaa tangu saa nane mchana. Tuliambiwa ni onyesho, lakini mwongozaji wa filamu alikuwa na neno moja tu: "Tena." Taa imechelewa, tena. Mtu kakohoa, tena. Jirani yangu, mama mwenye kilemba cha buluu, akambandika jina Bwana Tena.

Alikuwa anatafuna karanga. Maganda anayatemea kwenye kikombe, na kikombe kakiweka jukwaani, miguuni pa waimbaji. Mate yananing'inia kidevuni, naye anasema, "Nataka hisia."

Wimbo wa mwisho wakaurudia mara nne. Mara ya nne mjukuu wangu alipofika mahali pa juu kabisa, sauti ikakwaruza kama bawaba yenye kutu. Akanyoosha mkono kwenye chupa ya maji.

"Asinywe," akasema Bwana Tena. "Rangi ya mdomo itatoka, picha hazitaoana."

"Kidogo tu, kaka."

"Ukimaliza. Na huo mkwaruzo uache hivyo hivyo, watu watalia. Tena."

Nikamtazama kiongozi wa kikundi; anatazama viatu vyake. Filamu ile waliingoja miaka mitatu, nani angethubutu?

"Bibi, unakwenda wapi?" mama wa kilemba akaninong'oneza, maana nilishasimama.

"Siendi popote."

Kamera ikaanza, ukumbi kimya. Mjukuu wangu akafumbua kinywa. Nikapaza sauti: "Kitendawili."

Watu mia mbili, na kaka wa besi pamoja nao: "Tega."

Nani angejizuia? Neno hilo tumelinyonya na maziwa.

"Kata," akafoka Bwana Tena. "Bibi, kaa chini."

"Kisima changu kila mpita njia anachota, chenyewe kikiomba tone kinaambiwa kisubiri."

"Ng'ombe wa maziwa," mmoja akajibu.

"Sivyo."

"Mimi, nyumbani kwangu," akasema mama wa kilemba. Ukumbi ukaangua kicheko.

"Mmeshindwa. Nipeni mji."

"Chukua ukumbi huu, bibi."

"Nimeupokea. Jibu ni koo la mjukuu wangu, na leo kisima kimefungwa."

Nikapanda jukwaani, magoti yakinung'unika, nikakisukuma kile kikombe cha mate kwa ncha ya kiatu, nikamfungulia mtoto chupa. Akanywa mpaka rangi yote ikahamia kwenye chupa. Bwana Tena akasema filamu imekosa mwisho, akaanza kukunja nyaya zake. Watu wakatoka.

"Umetuharibia, bibi," kiongozi akasema.

"Nimewaharibia," nikakubali.

Mjukuu wangu akataka kusema kitu. Nikamziba mdomo kwa kiganja.

"Hata asante usiseme. Utaisema wiki ijayo."