Mfuko wa Aproni ya Toyomi

Uliuona mfuko ule. Usigeuze uso dirishani kama ulivyofanya juzi nilipofika mlangoni kwako na karatasi mkononi. Uliuona, kwa sababu kwa miaka minne mtoto Chigusa aliubeba kila asubuhi akipita mbele ya nyumba yako, na rangi yake ya kijivu haikufanana na mifuko ya maua ya watoto wenzake. Leo Chigusa ana miaka arobaini na moja. Amelazwa hospitali, maji yanatolewa kifuani mwake kwa mpira, na mawakili wa kiwanda wanasema hajawahi kukanyaga kiwandani, kwa hiyo vumbi la kiwanda halimhusu. Anahitaji watu watatu wa kusema walichoona kabla hajafa. Mmoja ni mimi. Basi nitasema kwanza, na nitasema yote, hata yale yanayonichoma mwenyewe.

Mimi ni Nakatani Fusako. Shule niliiacha na miaka kumi na mitano nikaenda kusokota pamba ya jiwe, hiyo ambayo leo mnaiita asbesto na kuitamka kwa sauti ya chini. Sheria nimejisomesha mwenyewe, kwa kamusi, juu ya meza ya jikoni. Toyomi aliingia kiwandani wiki moja na mimi, mashine yake ikawa jirani na yangu. Chumba kilijaa weupe hata msichana wa mashine ya nne humwoni. Tukitoka jioni nyusi zetu ni nyeupe, tunaitana bibi, tunacheka, tunakohoa. Aproni tulirudi nazo nyumbani kuzifua, maana kiwanda hakikuwa na pa kufulia.

Toyomi akaolewa na Umemoto Naokichi, mkulima wa vitunguu, wakapata binti mmoja. Januari ya mwaka sabini na tatu akafa, miaka thelathini na mitano, hajatimiza uzito wa gunia moja la vitunguu vya mumewe. Daktari akaandika nimonia. Jina la daktari ninalo daftarini.

Tulimshonea sanda wanawake watano. Unajua inavyoshonwa. Kitambaa huchanwa kwa mikono, mkasi haukigusi. Uzi haupigwi fundo. Sindano hairudi nyuma hata mara moja, kwa sababu aliyekufa hafungwi, anaachiwa aende. Naokichi alikaa pembeni, mtoto mapajani, akaitazama mikono yetu mwanzo hadi mwisho. Nilidhani macho yake hayaoni kitu.

Mwezi wa tatu karatasi ya chekechea ikaja. Mfuko wa kitambaa, upana sentimita arobaini, kimo thelathini, vishikio viwili; usinunuliwe dukani, ushonwe nyumbani kwa mkono wa mama. Iliandikwa hivyo, kwa mkono wa mama. Na wewe ulikuwepo kwenye kikao cha wazazi iliposomwa. Hukuuliza itakuwaje kwa asiye na mama. Uliinama ukahesabu vidole vya miguu yako.

Nikampelekea Naokichi kitambaa kizuri chenye picha za sungura. Chigusa alikisukuma kwa mguu, akaingia kabatini kati ya magodoro, akatoka anaburuta aproni ya mama yake. Alikuwa akiilalia tangu msiba.

"Hiyo ni ya kazi, mwanangu," Naokichi akasema.

"Inanuka mama."

"Inanuka kiwanda," nikasema mimi.

"Mama alinuka kiwanda, shangazi."

Mtoto wa miaka mitano akatushinda watu wazima wawili.

Nikasema basi lete nishone, ni kazi ya nusu saa. Naokichi akakataa. "Karatasi imesema nyumbani. Wewe kwako ni kule, Dada Fusa. Hapa nyumbani nimebaki mimi."

Akakaa kibarazani siku tatu mfululizo, kila akitoka shamba. Mwanamume wa miaka thelathini na minane, vidole kama mizizi, sindano imepotea kati yake kama mwiba wa samaki. Majirani mlipita. Kishida Yone ng'ambo ya njia akasimama na ufagio wake, akamwita Naokichi kwa jina lake la kifupi.

"Nao, unaolewa lini? Tuanze kuweka pombe ya mchele."

"Mwezi wa tano, dada Yone. Ukija njoo na mahari."

"Na bwana harusi atakula nini kwako?"

"Vitunguu."

"Maskini, atalia kila siku."

"Atakuwa amepata mke wa kulia naye."

Mkacheka. Hilo najua mnalikumbuka, maana mlilisimulia mwaka mzima. Ila wa kumwambia namna ya kushika sindano, hakuna aliyesimama.

Naokichi aliikunja ile aproni katikati, akashona pande mbili, akageuza. Kamba za aproni akazifanya vishikio. Siku ya kwanza ya shule Chigusa akautia viatu vya kuvalia darasani, kikombe na kikebe cha chakula, akatoka ameukumbatia kwa mikono yote miwili.

Darajani, njiani kwenda chekechea, mbele ya wazazi wote waliovaa nguo za sherehe, mfuko ukafumuka. Haukuchanika. Uzi uliteleza tu ukatoka wote, upande mmoja kisha wa pili, na vitu vikamwagika. Kikebe kikafunguka, wali ukalala kwenye mchanga. Mimi nilikuwa zamu kiwandani, haya niliambiwa mchana, na ndiyo sababu nakuhitaji wewe uliyekuwa na macho pale. Niliambiwa mama mkwe wa Yone aliuokota ule uzi akatafuta fundo, hakuliona, akautupa kama aliyeshika nyoka.

"Hii imeshonwa ya maiti," akasema. "Nani anampa mtoto mfuko wa maiti?"

Mkawavuta watoto wenu upande wa pili wa daraja. Naokichi alipiga magoti akaokota wali punje kwa punje, na hakuna aliyeinama kumsaidia.

Jioni ile, jua bado lipo, alikuja kwangu na Chigusa. Akaweka kile kitambaa sakafuni mbele yangu.

"Nimekosea wapi, Dada Fusa? Nilifanya kama mlivyofanya ninyi."

"Sisi nani?"

"Ninyi watano. Nilichana kwa mkono. Fundo sikupiga. Sindano sikuirudisha. Ndiyo mara pekee maishani nimemtazama mtu akishona."

Nikaleta sanduku langu la nyuzi.

"Anza na fundo," nikamwambia.

"Halitamfunga?"

"Huyu yuko hai, Nao. Huyu afungwe. Huyu asiende popote."

Akapiga fundo, kubwa kama punje ya mbaazi. Likakwama kitambaani, likashika.

"Sasa sindano mbele, kisha nyuma nusu, kisha mbele tena."

"Hivyo tutafika lini?"

"Hatuendi mahali. Tunashika."

Akajichoma kidole, akatukana sindano na ukoo wake, na Chigusa akacheka. Tangu Januari sikuwa nimesikia kicheko chake, na naapa kilinilevya. Ndiyo maana nililolifanya baada ya hapo nililifanya kwa furaha.

Ncha zilizochanwa zilikuwa zimechakaa, nikataka kuzikunja mara mbili ndani ya pindo. Kabla ya kukunja nikaichukua aproni mlangoni nikaikung'uta kwenye jua. Vumbi likatoka likimeta. Nililijua lile vumbi kuliko ninavyoujua uso wangu. Chigusa akaruka chini yake, mikono juu, mdomo wazi.

"Theluji," akasema. "Shangazi, piga tena."

Nikapiga tena.

Kisha mkono ukasimama wenyewe. Daftarini mwangu tayari yalikuwamo majina saba ya wanawake wa chumba chetu waliokohoa hadi wakafa. Ukiniuliza kama nilijua, nitakwambia nilijua nusu, na hiyo nusu nimelala nayo miaka thelathini na sita. Nikarudi ndani.

"Nao, tutumie kile cha sungura."

"Kwa nini?"

"Hii ni chafu."

"Imefuliwa mara tatu." Akamtazama mtoto aliyekuwa amejifunika uso kwa kipande cha aproni. "Kile cha sungura atakitupa mtoni. Wewe mwenyewe umemwona."

Ningeweza kusema zaidi. Ningeweza kumwambia, hii ndiyo iliyomla mkeo. Lakini sikuwa na karatasi ya daktari, na mtu aliyekuwa akijifunza kufunga fundo alikuwa ndiyo kwanza amefanikiwa. Nikanyamaza. Nikakunja pindo mara mbili, vumbi likabaki ndani, tukashona mimi na yeye, sindano mbele, nyuma nusu, mbele. Kila fundo nililivuta kwa meno kulijaribu.

Mfuko haukufumuka tena. Ulikwenda chekechea, ukaenda darasa la kwanza, la pili, la tatu. Siku za baridi mtoto aliutia uso ndani yake akapumua ili apate joto. Wewe ulimwona, ukasema, tazama, mtoto wa vitunguu anaongea na mfuko. Ushonaji wa baba yake ulikuwa mbaya, na ushonaji ule mbaya ungeumaliza mfuko palepale darajani. Mimi ndiye niliyeufundisha kushika.

Naokichi alifariki miaka tisa iliyopita. Aliacha neno kwamba mfuko uwekwe kwenye jeneza, na Chigusa akauweka, ukateketea pamoja naye maiti ilipochomwa. Kwa hiyo hakuna cha kupelekwa mahakamani. Yamebaki macho yetu.

Wakili ni msichana mdogo, kiatu chake kimepinda kisigino kwa kutembea. Aliniambia, "Mama Nakatani, neno la mtu mmoja wataliita neno la rafiki. Nipe watatu." Nimebisha milango kumi na minne. Mlango wa kwanza umesema hayo ni ya kale. Wa pili umesema, "Mume wangu alikuwa msimamizi pale, elewa." Wa tano ulizima redio ili nidhani hakuna mtu. Yone, ana miaka themanini na moja na kila bei ya dengu tangu vita anaikumbuka, aliniambia hakumbuki mfuko wowote. Kisha akanipa chungwa.

Jana nilikwenda hospitali. Chigusa amekuwa mwepesi kama mama yake. Nikamwambia bado niko peke yangu.

"Usiwasumbue, shangazi. Wanaona aibu."

"Waone."

"Kwani wewe huoni?"

"Naiona. Nimekwenda nayo kwa wakili, nikaiandika, nikagonga muhuri wa jina langu badala ya saini."

Akafumba macho, akapumua mara tatu kabla ya kupata sauti. "Basi na wao wagonge," akasema. "Mimi sina hasira nao. Nataka tu iandikwe kwamba nilikuwa mtoto na kitu kile kilikuwa nyumbani kwetu."

Daktari anahesabu wiki, hahesabu miezi. Akifa kabla maneno yenu hayajaandikwa, kesi itabaki yangu peke yangu, nami ni bibi wa miaka sabini na miwili ninayekohoa.

Wakili atakuwa ukumbi wa mtaa Alhamisi hii, saa tatu asubuhi mpaka saa sita. Sikuombi uchukie kiwanda wala umpende Chigusa. Nakuomba useme uliona mfuko wa kijivu, ulijua ni aproni ya kazi, ulimwona mtoto ametia uso ndani yake. Maneno matatu, muhuri mmoja. Mumeo akikasirika, mwache akasirike, chakula chake kipo kwenye jokofu. Miguu ikiuma, nipigie, nitakuja na kiti cha magurudumu cha marehemu dada yangu nikusukume mwenyewe. Muhuri wako uko kwenye droo ya chini, karibu na ubani wa mababu, kama ulivyo kwa kila mtu mtaa huu. Inuka. Kautoe sasa hivi, uutie mfukoni mwa koti utakalovaa Alhamisi.