Kalamu Iliyochora Kwingine

Don Wenceslao Cuautle alikuwa amefika kwenye sikio la pili la nguruwe kalamu ya kishikwambi ilipokoma kuandika. Ilikuwa mchana. Meza ya jikoni ilikuwa na kitambaa cha plastiki chenye picha za mananasi, gilasi ya maji ya ukwaju, na hicho kishikwambi alichopewa na binti yake Nereida. Aliilamba ncha ya kalamu, kama alivyozilamba brashi maisha yake yote, akaigusisha tena kwenye kioo. Hakuna kitu. Akaifuta kwa leso. Akaichaji mpaka maharage yakaiva. Mwisho akaizima mashine na kuiwasha upya, na nguruwe mwenyewe akatoweka, mwili, pua na lile sikio moja, kioo kikabaki cheupe kama sahani iliyooshwa.

Nguruwe huyo hakuwa wa mchezo. Manispaa mpya ya San Jacinto ilikuwa imeamuru vibanda vyote vya chuma vipakwe rangi nyeupe ili mji uonekane nadhifu. Vijana wa manispaa walipita na ndoo na rola, wakafuta samaki waliovaa kofia, mikasi inayocheka, mananasi yenye miguu, na maandishi yenye vivuli ambayo Don Wenceslao alikuwa ameyapanga herufi kwa herufi tangu ujanani, enzi hizo akisoma shule ya usiku ili apate kujua vizuri kile anachokiandika. Vibanda vyote vilipofanana, watu wakaanza kupotea. Mgeni mmoja alikaa kwa Fidencio, fundi wa kufuli, akisubiri supu, akaondoka amechukia kwamba huduma ni ya polepole.

Aliyeumia zaidi ni Doña Crescencia, muuza mikate ya nyama ya nguruwe kwenye kona ya soko. Kila jioni alirudi nyumbani na nyama yake karibu yote. Alikwishamwambia Don Wenceslao, huku akikatakata kitunguu, kwamba kama mpaka sikukuu ya Mtakatifu Jasinto watu watakuwa bado hawamwoni, atafunga ahamie kwa dada yake huko Veracruz. Don Wenceslao alikuwa amekula chakula cha mchana kwenye kibanda hicho kila siku tangu afiwe na mkewe. Hakujua mahali pengine pa kula, wala hakutaka kupajua.

Njia iliyobaki ilikuwa moja. Manispaa iliruhusu kila kibanda kiwe na bango dogo, mradi lichorwe kwa mashine, litumwe kwa mashine, na lipitishwe na ofisi. Brashi zilipigwa marufuku. Ndiyo maana mzee huyu, ambaye mikono yake ilijua kuta tu, alikuwa amejifundisha kushika kalamu isiyo na rangi.

Aliipeleka kwa Baltazar, fundi wa simu aliyekaa chini ya ngazi za jengo la maduka ya viatu. Baltazar aliitazama ncha kwa kioo cha kukuzia, kisha akainusa.

"Don Wences, hii kitu unailamba?"

"Brashi isiyolambwa haipati ncha."

"Hii si brashi, mzee wangu. Ukiendelea hivi, kesho utailisha na maharage."

Akambadilishia ncha. Akaijaribu kwenye kishikwambi chake mwenyewe, nako haikuandika. Akafungua mahali ambapo mashine huonyesha vitu ilivyoungana navyo, akasoma, akakuna kidevu.

"Kalamu nzima," alisema. "Chaji imejaa, mkono wako inausikia, na mstari inautuma. Ila imeungana na kitu kingine. Hapa pameandikwa Crescencia."

Don Wenceslao aliuliza kama ni simu. Baltazar akamjibu kwamba si simu, na kwamba jambo hilo huwapata zaidi wajane wa kiume, hasa wale wanaokula mahali pamoja. Akauliza kama aukate muungano. Don Wenceslao akasema asubiri kwanza, aende akaone mistari yake imekwenda wapi.

Aliikuta kwenye kona ya soko. Nguruwe alikuwa ubavuni mwa kibanda cha Doña Crescencia, kwa rangi ya mafuta ambayo bado ilikuwa mbichi, amevaa aproni na ameshika kisu kwa furaha, kama wanavyofanya nguruwe wote wa mabango huku kwetu. Alikuwa mkubwa kupita kiasi, maana mkono wa Don Wenceslao ulizoea kuta, na mkia ulikuwa umevuka ukaangukia kibanda cha jirani.

"Don Wences, mimi nauza funguo," alisema Fidencio. "Mkia wa nguruwe unanihusu nini?"

"Naupunguza sasa hivi, Don Fidencio."

"Upunguze. Mke wangu ameshaniuliza huo ni ujumbe kwa nani."

Doña Crescencia alitoka nje akifuta mikono, akamtazama nguruwe kutoka kwato mpaka juu. Alisema tu kwamba sikio moja halijaisha. Don Wenceslao akaomba radhi, akakaa kwenye benchi, akaweka kishikwambi magotini na kulimalizia sikio kwenye kioo kitupu. Rangi ikatokea kwenye chuma nyuma ya mgongo wa Doña Crescencia, taratibu, kwa mwendo uleule wa mkono wake. Kabla hajaweka kivuli, watu wawili walikuwa wameshasimama na kuuliza kama kuna nyama yenye ngozi.

Asubuhi iliyofuata vijana wa manispaa walikuja na ndoo. Walikula kwanza, kwa kuwa walikuwa na njaa na nguruwe alikuwa anaonekana tangu kituo cha mabasi, kisha wakampaka nyeupe, wakashukuru. Mchana Don Wenceslao akamchora upya akiwa jikoni kwake. Wakamfuta. Akamchora. Kiongozi wa wale vijana, mtu mpole aliyekuwa amebatizwa siku ileile aliyobatizwa Nereida, alikuja kumweleza kwa heshima kwamba rangi anayowamalizia ilikusudiwa kwa ajili ya shule. Akaongeza kwamba yeye binafsi anampenda zaidi nguruwe wa Jumatano, lakini ofisi imeanza kutoa maonyo, na kibanda kinachoonywa mara kwa mara hubebwa.

Doña Crescencia alilifikiria neno hilo siku nzima. Don Wenceslao alipokuja kula, alimwekea mkate wake, na parachichi la ziada ambalo hakuliomba.

"Wences," alisema, "nguruwe wako anavuta watu, siwezi kusema uongo. Lakini wewe unachora na wao wanafuta, na katikati yenu niko mimi. Nataka bango lenye ruhusa. Mwambie Baltazar aikate hiyo kalamu, uchore ndani ya kioo kama watu wengine."

Akaenda. Baltazar akaukata muungano. Kabla Don Wenceslao hajavuka barabara, ukajirudisha. Baltazar akaukata tena, akaifunga kalamu ndani ya karatasi ya alumini, akaizika kwenye mchele usiku kucha. Asubuhi jina lilikuwa palepale. Akamwambia mzee kwamba fundi anaweza kushindana na chuma, na anaweza kushindana na maji, ila kuna mahali anapofika akakunja vifaa vyake.

Siku ya mwisho ya kutuma michoro ikafika. Nereida, aliyefanya kazi kwenye duka la kuchapa mabango, alimwambia baba yake kwamba bora kupeleka kitu kuliko kutopeleka. Kwenye kioo hakukuwa na kitu. Mzee akatuma hicho.

Ofisi ilijibu haraka. Mchoro umepitishwa. Ulisifiwa kwa kufuata kanuni kuliko yote iliyopokewa, kwa rangi na kwa utulivu wake. Nereida akauchapa kwenye turubai la plastiki, jeupe tupu, na Doña Crescencia akalitundika juu ya kibanda cheupe, akalinyoosha pembe zake kwa makini.

Sikukuu ilipowadia, Don Wenceslao alikaa kwenye benchi mikono ikiwa mfukoni. Alikuwa ameahidi kutochora. Maandamano ya mtakatifu yalipita na matarumbeta na mafataki, watu wakajaa barabara nzima, wengi wao wakiuliza wapi pana chakula, na wakaendelea mbele. Doña Crescencia alisimama nyuma ya sinia la nyama, nywele amezibana kwa utepe mwekundu. Hakumtazama Don Wenceslao. Aliigeuza nyama isikauke, akaigeuza tena, halafu akachukua gazeti akaanza kuvifungia visu vyake.

Don Wenceslao akatoa kalamu. Alimchora nguruwe katikati ya lile turubai, akamvika taji la maua ya sikukuu, na chini yake akaandika jina la Doña Crescencia kwa herufi nene zenye vivuli vya rangi mbili, kazi ambayo hakuwa ameifanya kwa unadhifu huo tangu macho yake yalipoanza kuchoka. Watu wakageuka. Visu vikafunguliwa. Nyama ikaisha kabla kengele za jioni hazijapigwa, na waliochelewa wakauziwa mkate na mchuzi.

Jumatatu lilikuja lori. Ofisa alikuwa kijana mwenye adabu. Alimwonyesha Doña Crescencia mchoro uliopitishwa, kisha bango lililotundikwa, akamuuliza kama anaona tofauti.

"Naiona," alisema.

Wakakibeba kibanda. Mahali kilipokuwa wakapapaka nyeupe, mstatili safi juu ya lami. Don Wenceslao alimsindikiza Doña Crescencia hadi kituo cha mabasi, amembebea sufuria kubwa ya kukaangia. Doña Crescencia alimuuliza atakula wapi sasa, naye akajibu kwamba ataona. Mwanamke akamwambia asiache kula ngozi ya nguruwe, kwa sababu daktari wake hajui kitu, kisha akapanda.

Wiki chache baadaye, mchana, mzee akiwa amekaa mezani na kishikwambi, simu ililia.

"Wences, nguruwe amefika," alisema Doña Crescencia. "Amekaa kwenye mlango wa dada yangu. Dada anauliza mbona hukumwomba ruhusa."

"Mwambie anisamehe. Nilikuwa nanyoosha vidole tu."

"Nimeshamwambia. Watu wameanza kusimama. Ila kivuli cha herufi umekiweka upande wa huko kwenu. Huku jua la asubuhi linatoka baharini, na mlango unaangalia bahari. Kinaonekana kama kimekosewa."

Don Wenceslao alimuuliza bahari iko mkono gani, mtu akisimama mlangoni. Akamwelekeza. Mzee akaifuta miwani yake, akavuta kioo kitupu karibu, akahamisha vivuli vyote, herufi moja baada ya nyingine, huku Doña Crescencia akimtajia kwenye simu kila kimoja kilipokuwa kinakaa sawa. Walipomaliza waliagana, akaweka simu chini. Kisha akajipakulia maharage yake, akala peke yake, kwa sababu kalamu ile ilijua kupeleka, kurudisha haikujua.