Beleshi la Lyamba

Mimi si mtu wa mizimu. Nalisema hili mapema ili wanaonijua wasianze kucheka: ni Silvester, fundi wa kuchomelea wa Shanwe, niliyetengeneza mageti ya nusu ya mji wa Mpanda, na kitu nisichoweza kukipiga nyundo huwa sikiamini. Lakini mwezi wa saba mwaka huu nilikaribia kumuua binti yangu kwa weldi nzuri kuliko zote nilizowahi kuchoma, na aliyenizuia alizikwa mwaka wa Elnino.

Weldi hiyo niliichoma kwenye garimoshi dogo, la kuvuta mabehewa ya mawe kwenye mgodi wa zamani wa madini ya risasi. Mgodi ulipofungwa likaachwa porini upande wa Litapunga, miti ya miyombo ikaota katikati ya magurudumu. Baba yangu, marehemu Didace, alilikuta huko. Alikuja na wakimbizi kutoka Burundi mwaka sabini na mbili, akapewa shamba Katumba, na nguruwe pori wakawa wanaila mihogo yake kuliko sisi wanawe. Nilikuwa na miaka minane siku nilipomfuata. Alijipenyeza ndani ya tanuri la garimoshi, pale kuni zinapowaka, akagonga darini kwake, akatoka na kizibo kilichojaa risasi. Akaiyeyusha kwenye sufuria la mama, akamimina goroli za gobole, na moja akanipa mimi niitunze. Pale kizibo kilipokuwa akakaza bolti ya chuma.

"Mwananje," akaniambia kwa Kirundi, yaani mwanangu, "hii haitayeyuka hata siku moja."

Niliipenda ile bolti. Nilimpenda baba yangu, na mtoto hatenganishi vitu hivyo viwili.

Miaka arobaini na zaidi baadaye, binti yangu Emelyne alimaliza VETA, fundi mitambo kamili, akasikia habari za garimoshi akanikalia kooni. Tukaomba ruhusa kijijini, tukalivuta kwa trekta hadi uwanja wa karakana yangu, tukalitandikia reli mita thelathini. Tulihangaika nalo miezi kumi na mmoja. Lengo lilikuwa litembee siku ya maonyesho, Jumamosi, Emelyne mwenyewe akiliendesha mbele ya watu.

Tulipojaza boila maji kwa mara ya kwanza, bolti ya baba ikatoa tone. Tone moja, likikauka linakuja jingine. Emelyne alikuwa Tabora kufuata vali ya usalama. Nikaingia ndani ya tanuri na waya wa weldi, nikaizungushia mara tatu mpaka ikang'aa kama pete. Fundi gani anaacha kitu dhaifu kibaki dhaifu? Nilitoka humo nikipiga mluzi.

Jumatatu tukawasha moto wa majaribio. Saa sita mchana mshale wa mvuke ulikuwa umeanza kupanda, tukaona tuuache upande polepole, tukaingia kula. Uwanja wangu una ukuta na geti moja, na geti nililifunga mwenyewe. Hatukumaliza robo saa.

Tuliporudi, moto haukuwa ndani. Ulikuwa chini, mbele ya tanuri, makaa yote yamelazwa mchangani kwa mstari ulionyooka kama tuta la tumbaku. Beleshi lilikuwa limelala kifudifudi upande wa juu wa mstari, mdomo ukielekea tanuri. Mlango wa tanuri ulikuwa umefungwa, pini yake iko mahali pake, ya moto kiasi kwamba niliigusa nikaiachia.

"Baba, umeutoa wewe?" Emelyne akauliza.

"Nimeutoa na mkono upi? Nilikuwa nakula na wewe."

Kuku wa jirani, ambao huwa hawana adabu ya kunyamaza, walikuwa wamenyamaza. Nilitukana watoto wa mtaa, nikatukana wenye wivu, nikatukana na mbuzi kwa tahadhari. Kisha nikaona matusi yananiishia na mwili bado unanisisimka.

Kesho yake asubuhi akaja Nyanzala na maziwa ya mgando. Ni mama wa Kisukuma, rika langu, anatoka Litapunga kwa baiskeli kila siku ya Mungu. Aliingia getini akisema "Mwangaluka, fundi," akaona yale makaa yaliyokwisha kupoa, akaweka dumu chini.

"Nani kakulazia moto hivi?"

"Watoto, dada. Nyie wa Litapunga hamna watoto watundu?"

"Watoto hawajui hivi." Alisimama mbali na beleshi, hakulikaribia. "Babu yangu Lyamba ndo alikuwa anapika moto wa hili dude enzi za mgodi. Alitufundisha tukiwa wadogo, tunacheza na majivu. Maji yakipungua kwenye boila, unautoa moto wote, unaulaza mstari, unalaza beleshi kifudifudi. Hapo hata bosi wa mgodi haruhusiwi kuwasha. Mpaka aliyelilaza alinyanyue mwenyewe."

"Na babu yuko wapi?"

"Tulimzika mwaka wa Elnino, fundi. Unajua."

"Basi mwambie aje na kitambulisho tumpangie zamu."

Hakucheka. Mimi nikacheka kwa niaba yake, nikalinyanyua beleshi nikaliegemeza ukutani. Nyanzala aliondoka bila kuchukua dumu lake.

Mchana ule Emelyne alikuwa amekaa juu ya pipa na kitabu chake cha historia ya injini za mvuke. Anapenda kunisomea, anadhani naelewa zaidi nikisikia kwa sauti yake, na ni kweli.

"Baba, hawa watu wa kwanza hawakuwa na mwalimu," alisema. "Walijifunza kwa kupasukiwa. Kuna Mwingereza, Trevithick, mtoto wa watu wa migodi. Wenzake walikuwa wanaogopa mvuke wenye nguvu, yeye akasema twende nao. Mwaka 1803 boila lake moja likapasuka, wakafa watu wanne. Aliyeachiwa kulitunza alikwenda kuvua samaki."

"Mjinga."

"Sikiliza sasa. Trevithick hakuacha. Alikaa akawaza: mtu ataondoka tu, mtu atasinzia, kwa hiyo boila lenyewe lijue kujiokoa. Akatoboa tundu kwenye dari la tanuri, akaliziba kwa risasi. Maji yakiwepo juu yake, risasi inapoa. Maji yakiisha, inayeyuka, mvuke unashuka unamwagikia moto, kila mtu anasikia anakimbia. Kitu dhaifu kuliko vyote ndicho kinacholinda vingine vyote. Mwaka uliofuata ndo akaiweka injini kwenye reli ikavuta mabehewa." Akafunga kitabu. "Kizibo chetu umekiangalia?"

Nilikuwa nafuta spana. Niliendelea kuifuta.

"Nimekiangalia," nikasema.

Lilikuwa neno la kweli, na ndiyo maana lilinitoka kirahisi. Niliona aibu, nisifiche. Niliona aibu kwa weldi yangu, na zaidi kwa baba, ambaye ningelazimika kumwambia mjukuu wake kwamba aliiba roho ya mashine akawapiga nayo nguruwe. Kukata ile weldi kungekula siku nne. Nikajiambia: nitasimama pale pale, nitaangalia kioo kinachoonyesha maji ya boila, maji hayataisha mbele ya macho yangu. Mficha uchi hazai, wahenga walisema, na mimi nilikuwa nimeshazaa, ndiye huyo niliyekuwa namficha.

Jumatano tukawasha tena. Sikwenda kula. Nilikaa kwenye ndoo hatua mbili kutoka tanuri kama mlinzi wa benki. Saa saba simu ikaita, mteja wa Nsemulwa, nikageuza uso nikasema "nitakupigia." Ni neno moja tu, halizidi pumzi moja. Nilipogeuka, makaa yalikuwa yamelala mstari miguuni pangu, bado mekundu, na beleshi kifudifudi. Mlango umefungwa, pini mahali pake. Hakukuwa na kishindo wala mchakacho. Palikuwa na harufu ya ugoro tu, mbichi, ya mtu aliyepita sasa hivi.

Emelyne akaanza kukagua pini na mlango. Mimi nilijua. Moyoni nilijua mzee Lyamba hanitanii, ananiambia kitu kimoja kile kile, kama anavyoambiwa mtoto asiyesikia. Nikalinyanyua beleshi lake kwa mara ya pili.

Jumamosi watu walijaa uwanjani, turubai limefungwa, spika inapiga muziki. Nyanzala alikuja pia, akasimama nje ya kamba. Emelyne alipanda na ovaroli mpya ya bluu, mkono kwenye mpini wa mvuke. Mimi nilikuwa nyuma yake na kuni na beleshi. Garimoshi likatikisika, likakohoa, likatembea. Watu wakapiga vigelegele. Tulikwenda na kurudi mara sita, na kila mara nilitazama kioo cha maji: nusu. Nusu. Nusu vilevile. Binti yangu alikuwa anacheka na machozi yanamtoka, na kifua chake kiko karibu na boila kiasi cha kuligusa.

Safari ya saba, tukiwa tumesimama mwisho wa reli, niliinua beleshi nisawazishe makaa, likawa zito upande wa mdomo.

Lilivutwa bila nguvu, kwa ustaarabu, kama mzee anavyomnyang'anya mtoto kisu. Pini ikainuka, mlango ukafunguka. Waliokuwepo wote wanasema walimwona fundi Silvester akitoa moto. Mimi nasema mikono yangu ilifuata tu. Beleshi liliingia likatoka, likaingia likatoka, kwa mwendo nisioujua, mwendo wa mtu aliyefanya kazi hiyo maisha yake yote, na makaa yakashuka mchangani yakajipanga. Mwisho likanitoka mkononi. Nililiona likigeuka hewani na kulala kifudifudi.

"Baba! Mbona umetoa moto? Maji si yapo?"

Emelyne alitazama kioo: nusu. Kisha akafanya alichofundishwa VETA, ambacho mimi sikukifanya. Akafungua koki ya kupimia maji, ile ya chini kabisa. Yalipaswa kutoka maji. Ulitoka mvuke mkavu, unapiga mluzi mwembamba. Akafungua ya kioo, ikatoa kipande cha ukoko mweupe, chokaa ya maji ya kisima chetu, kama ile ya ndani ya birika. Tundu lilikuwa limeziba. Kioo kilikuwa kinatuonyesha maji ya zamani.

Akabaki ameshika koki. Muziki ulikuwa bado unapiga.

"Dari limekauka," alisema polepole. "Sijui tangu lini. Baba, kizibo kilitakiwa kiwe kimeyeyuka. Kwa nini hakijayeyuka?"

Nikamwambia. Nilisema vyote, gobole, bolti, weldi mara tatu, na ile "nimekiangalia." Nilisema nikiwa nimeshuka, nimesimama kwenye mchanga wa moto, soli za viatu zinanuka, na sikusogea kwa sababu niliona ni haki yangu.

"Kwa hiyo Jumanne ulijua," akasema.

"Nilijua."

"Ukanipandisha."

Hilo nitaulizwa tena nikifa.

Kukata weldi yangu kulichukua siku tano, na alikata yeye. Mimi nilileta kitu kimoja tu: goroli ya baba, niliyoitunza kwenye kopo la misumari tangu utoto. Aliiyeyusha mbele yangu, akaimimina kwenye kizibo kipya. Ilitosha. Muda wote ule beleshi lilikuwa limelala palepale uwanjani, na hapana aliyelinyanyua. Tulilizunguka kama watu wanaozunguka mgonjwa.

Asubuhi ya siku ya sita tulilikuta limesimama, limeegemezwa kwenye tanuri, mpini juu. Nyanzala alikuwa getini na maziwa. Alisema kitu kwa Kisukuma, taratibu, hakukisema kwetu.

Emelyne akawasha moto mwenyewe. Aliniambia nikasimame nje ya kamba, na nikaenda, nikasimama karibu na Nyanzala. Mvuke ulipopanda, alishika mpini, akatazama koki zote, akatazama kioo. Nafasi ya mpika moto nyuma yake ilikuwa wazi. Nikapiga hatua moja mbele, nikidhani sasa nitaitwa.

Binti yangu akasogea kidogo pembeni, kwa heshima, kama unavyompisha mkubwa apande. Kisha akasema "Karibu, babu Lyamba," na hakutazama upande wangu.