Majani Aliyoyafagia Theopista

Nikutegee. Shuka yangu haifuliwi, hutandikwa ingali mbichi, na mgeni akifika huvua viatu kabla hajaikanyaga. Ni nini? Usikimbilie godoro. Ukishindwa nipe mji, nami nitachukua Bukoba, mji wenye ziwa mlangoni.

Basi ni majani. Yale majani laini ya rweya, uwanda wa nyasi ulio nje ya migomba, yanayotandazwa sebuleni mpaka nyumba ikanukia asubuhi. Theopista aliyafahamu, lakini alizaliwa mjini Bukoba kwenye nyumba ya saruji na zulia, na majani ya sakafuni aliyalalia mara moja tu maishani, baba yake alipofariki. Yeye na waombolezaji walilala juu ya majani hayo siku nne. Harufu ile ikamwingia, ikakaa.

Miaka thelathini alishona nguo za watu karibu na soko la Bukoba, mguu kwenye pedali ya cherehani. Kisha Mutembei, mumewe, akastaafu ukarani na kutaka kurudi Buganguzi, kwenye kibanja cha baba yake, akale ndizi alizozipalilia mwenyewe. Theopista akamfuata kama mtu anayefuata sanduku lake.

Wiki ile ya kwanza alikwenda Muleba sokoni kutafuta mapazia. Aliporudi, mvua imekatika tu, alikuta sebule yake, ile ya marumaru nyeupe alizochagua mwenyewe, imefunikwa majani mabichi hadi pembeni. Hapakuwa na mtu. Alisimama mlangoni na mfuko wake. Akamwona marehemu baba yake amelala pale katikati, halafu akajiona yeye.

"Wamenitandikia matanga ningali hai," alisema peke yake.

Akachukua ufagio. Mutembei aliporudi, marumaru ziling'aa na majani yalikuwa lundo chini ya migomba, mahali ambapo kila mpita njia angeyaona.

"Umefagia?" mumewe aliuliza.

"Nimefagia."

Mutembei alikuwa mtu wa maneno machache, akapita ndani.

Tangu hapo kila kitu kilimjia Theopista kwa rangi moja. Mvua ikinyesha, ilikuwa inamfungia ndani. Migomba, aliapa, ilikuwa inalisogelea dirisha hatua moja kila siku. Mwanamke akimsalimia kutoka njiani bila kuingia, ana kisirani. Akiingia, amekuja kupeleleza. Wakicheka kisimani, wanamcheka yeye. Jirani yake Penina alimletea kahawa ya kutafuna kwenye kikapu kidogo. Aliiacha humo humo mpaka ikaota ukungu. Na ajabu ni kwamba kila alichokitarajia alikipata. Salamu zikafupika, na njia ya nyumbani kwake ikaanza kuota magugu.

Mwezi wa pili, Alhamisi mchana, Mutembei aliongea bila kuinua uso kwenye sahani.

"Mama Joackim, Jumamosi nimwite Haruni na bodaboda yake, atufikishe Muleba kwenye basi?"

"Atufikishe?"

"Ndiyo nakuuliza. Nimwambie mtu mmoja au wawili? Ukisema mmoja, utakwenda Bukoba na mimi nitabaki. Ukisema wawili, nafunga nyumba tunarudi sote. Lakini useme. Siwezi kuishi na mtu ambaye roho yake iko kituo cha basi."

Theopista aliitazama mikono ya mumewe. Ilikuwa myeusi kwa utomvu wa migomba, na mabega yake, yaliyokuwa yamelala miaka yote ya ofisini, yalikuwa yamenyanyuka. Mutembei alinawa, akatoka.

Ijumaa alfajiri akatoka Theopista, akapanda rweya kutafuta mtandao. Alitaka kumpigia dada yake Hellen, amuulize kama kile chumba chake cha Bukoba bado kiko wazi. Ukungu ulikuwa umeilalia nchi. Migomba ilipoisha nyuma yake, hapakuwa tena na mbele wala nyuma, weupe tu unaotembea polepole kama ng'ombe wanaokwenda kunywa maji. Aliinua simu juu. Mkono wake mwenyewe ukapotea. Akasikia sauti za mundu, kwacha, kwacha, zikitoka pande zote, na kwa kitambo alidhani bado yuko kitandani anaota.

"Mbona umesimama kama nguzo ya umeme?" sauti ilisema. "Bibi harusi, njoo ushike hapa."

Alikuwa Anatolia, bibi wa miaka themanini, aliyemwita bibi harusi kila mkazamwana wa kijiji hata akiwa na wajukuu. Nyuma yake Penina na mwingine walikuwa wameinama wakikata. Theopista alikumbatia mzigo wa majani aliotupiwa.

"Nani amefariki?" aliuliza.

"Wapi?"

"Majani haya. Ni ya msiba wa nani?"

"Labda wangu," Penina alisema, "nikiendelea kuinama hivi."

Wakacheka. Anatolia hakucheka. "Ni ya kwa Penina. Binti yake amejifungua, kesho analeta kichanga. Mtoto hapokelewi sakafu tupu kama kifaranga." Akamsogelea. "Mwanangu. Yale yetu, uliyafagia kwa sababu hiyo?"

Theopista aliitikia kwa kichwa.

"Ee waitu. Na sisi tukasema ametufagia sisi."

"Mimi nilisema una pua ya mjini," Penina alisema. "Toka siku hiyo kila ukipita naiona pua tu, mtu simwoni."

"Na mimi nakuona macho. Kama fundi anayenipima jeneza."

"Haya macho nimezaliwa nayo, dada. Mlalamikie mama yangu."

Safari hii hata Theopista alicheka, akashangaa sauti yake inavyokwenda mbali ndani ya ukungu.

"Mumeo alituambia miguu yako inavimba kwa cherehani," Anatolia alisema. "Tulichagua jani moja moja. Lenye makali tuliliacha. Hebu vua viatu."

Akavua. Majani yalikuwa baridi, kisha yakawa vuguvugu. Ile harufu ikampanda, ile ile ya siku nne za baba yake, naye akangoja moyo usinyae. Badala yake alikumbuka jambo alilokuwa amelisahau: usiku ule wa kwanza wa msiba, mwanamke asiyemjua alilala ubavuni kwake, akaiweka miguu yake juu ya miguu ya Theopista ili isipate baridi. Mpaka kunakucha hakuiondoa.

Ukungu ukaanza kufunguka. Kwa chini moshi wa majiko ulikuwa unapenya katikati ya migomba, nyumba moja baada ya nyingine, na migomba ilikuwa imesimama pale pale ilipopandwa.

Saa nne Mutembei alirudi kutoka shambani. Alikuta majani sebuleni, machache, yanafika nusu ya sakafu, na mkewe amekaa juu yake peku, amenyoosha miguu. Mutembei akavua gambuti mlangoni, akaja, akakaa.

"Nimekutana na Haruni," alisema baadaye. "Anauliza."

"Anauliza nini?"

"Mmoja au wawili."

Theopista alichukua jani moja, akalizungusha kidoleni mpaka likawa pete.

"Mwambie kesho sina nafasi," alisema. "Tunamtandikia Penina."